Muhogo mchungu, mjomba na ng'ombe: kwa nini mila nyingine zinadumu na nyingine zinakufa?

#1 MkweWaNewala

Wakuu, kwema?

Mimi ni Msukuma wa Magu, nimeoa Newala, huu mwaka wa tisa. Uzi huu umezaliwa na mambo mawili yaliyonikuta ukweni. Yote mawili nilikuja kuyaelewa baadaye sana, nilipoanza kusoma kazi za wanaochunguza jamii za watu kwa jicho la mageuko. Nasema mageuko ya mila, mwenye hamu ya ligi ya "binadamu alikuwa nyani" afungue uzi wake.

La kwanza ni posa. Nilikwenda na hesabu za kwetu kichwani: ng'ombe wangapi, madume mangapi, lini. Baba wa binti akanisikiliza mpaka mwisho, akamaliza chai yake, akasema, "Hayo kazungumze na mjomba wake." Mjomba! Kwetu mjomba anakuja harusini, anakula nyama, anaaga. Kule ndiye mwenye neno. Nilipomtajia ng'ombe akacheka mpaka akakohoa: "Nitamfunga wapi, kwenye mkorosho?"

La pili ni muhogo. Kwetu mama anatengeneza udaga. Muhogo mchungu unamenywa, unarundikwa, unafunikwa majani siku kadhaa mpaka uote ukungu na kulainika. Ukungu unakwanguliwa kwa kisu, vipande vinaanikwa juu ya mwamba, ndipo vinatwangwa. Harufu yake ukipita barabarani unajua nyumba ipi ina udaga. Newala mama mkwe hana habari ya kurundika. Anamenya, anapasua, anaanika moja kwa moja, siku nyingi, mpaka yawe makopa makavu ambayo ukigonganisha mawili yanalia ko!

Nikamuuliza, mama, mbona hamrundiki? "Ndivyo tunavyofanya." Jioni nikampigia mama yangu Magu, kwa nini sisi tunarundika? "Ndivyo tunavyofanya." Wanawake wawili, zaidi ya kilomita elfu moja katikati yao, jibu moja.

Hilo jibu zamani lilikuwa linaniudhi. Siku hizi naona ndani yake mna swali zito kuliko yote ya uzi huu.

Muhogo mchungu una kitu kinaitwa linamarini. Seli za muhogo zikivunjika, kimeng'enya kilichomo humo humo kinaikata, inatoka sianidi, ambayo hupotea hewani au hutoka na maji. Kurundika, kuloweka, kutwanga, zote ni njia za kuvunja seli ili sumu itoke kabla hujala. Usipoitoa vizuri, na chakula chako ni muhogo tu kwa wiki nyingi, kuna ugonjwa unaitwa konzo. Mtu analala mzima, anaamka miguu imekakamaa, na haiponi tena. Jina ni la Kiyaka, Kongo, na ugonjwa uliandikwa na daktari mmoja aliyefanya kazi huko, Trolli, mwaka 1938.

Sasa angalieni mtego. Muhogo ulitoka Amerika Kusini, Wareno wakauleta Afrika karne ya 16. Mkulima wa kwanza wa huku hakuwa na maabara. Na huwezi kujifunza kwa kujaribu, maana ukiruka hatua moja leo, leo hufi. Uchungu ukipungua unadhani mambo sawa, sumu iliyobaki inakusubiri miezi. Mwerevu anayehoji kila hatua, "hii ya kurundika ina faida gani, inapoteza siku nne bure," ndiye anayeangamiza familia yake. Anayemwiga bibi yake bila kuuliza anapona.

Kwa hiyo nani aligundua udaga? Jibu la wanamageuko: hakuna mtu mmoja. Kaya nyingi zilifanya hivi na vile, waliofanya vizuri watoto wao walitembea, majirani wakawaiga, vizazi vikapita. Maarifa yapo kwenye mila yenyewe, hata kama hayamo kichwani mwa anayeifuata.

Nakaribisha nondo. Ya mjomba na ng'ombe nitarudi nayo.

#2 Kisu_Butu

Siti ya mbele, na karanga zangu.

Lakini mkuu, "aige bila kuuliza"? Wahenga walisema ukiiga tembo kunya utapasuka msamba.

#3 MkweWaNewala

Kisu_Butu umenichekesha, ila binadamu tunamwiga tembo kweli, kuliko hata sokwe.

Kisiwa cha Ngamba, Ziwa Victoria upande wa Uganda, kuna makazi ya sokwe yatima. Watafiti Horner na Whiten walichapisha mwaka 2005 jaribio walilofanya pale. Sanduku lina zawadi ndani. Mtu anachokoachokoa kwanza juu kwa kijiti, halafu anafungua kimlango cha chini na kutoa zawadi. Sanduku likiwa jeusi, sokwe wanaiga vyote viwili. Likiwa la kuonyesha ndani, unaona wazi kwamba kuchokoa juu hakufiki popote, basi sokwe wanaacha upuuzi, wanaenda chini moja kwa moja. Watoto wa binadamu wa miaka 3 na 4 wanachokoa juu hata pale wanapoona hakuna maana!

Ukitazama haraka utasema sokwe ana akili kuliko mtoto. Kwenye sanduku, sawa. Kwenye muhogo sokwe angepooza.

#4 Mwl_Chaki

Nafundisha historia, naomba niweke breki kidogo.

Hii ya mageuko ya jamii si ngeni kwetu. Kila aliyekaa darasani Tanzania aliimba: ujima, utumwa, ukabaila, ubepari, ujamaa. Sehemu ya mizizi yake ni Morgan, Mmarekani, mwaka 1877, aliyezipanga jamii zote kwenye ngazi, washenzi chini, wastaarabu juu. Engels, mwenzake Marx, akaichukua mwaka 1884. Upande wa pili alikuwepo Spencer, mwanafalsafa Mwingereza, yule wa "anayefaa zaidi ndiye anayesalia", maneno aliyoyatoa mwaka 1864 na Darwin mwenyewe akaja kuyaazima mwaka 1869. Kutoka hapo matajiri wakapata kisingizio cha kuwaacha maskini wafe. Galton akabuni "sayansi" ya kuzalisha watu bora, akaipa jina mwaka 1883. Jimbo la Indiana, Marekani, likatunga sheria ya kuwafunga watu uzazi kwa nguvu mwaka 1907. Ujerumani tunajua ilikoishia.

Na ngazi hiyo hiyo ndiyo waliyotupandishia wakoloni, kuwa huyu kabila la kutawala, yule la kubeba mizigo. Wa Rwanda na Burundi humu wanalijua kuliko mimi. Kwa hiyo mtu akiniambia "mageuko" na "jamii" kwenye sentensi moja, nashika mkoba wangu.

#5 MkweWaNewala

Mwalimu, shikilia mkoba, una haki. Lakini kitu ulichokielezea ni ngazi, na ngazi si ya Darwin. Mchoro wake wa mwaka 1859 ni mti wenye matawi. Kwenye mti hakuna tawi lililo mbele ya jingine. Udaga wa Magu si makopa ya Newala yaliyoendelea. Ni matawi mawili, kila moja na mazingira yake. Pale uwanda wa Makonde maji yalikuwa taabu ya kihistoria, wanawake wakishuka mabondeni na kupanda na mitungi. Utaloweka muhogo kwa maji gani? Jua lipo, labda ndiyo maana wakaanika.

Kinachowatofautisha wa ngazi na wa matawi ni namna ya kuuliza. Wa ngazi anauliza, mmefika wapi? Wa matawi anauliza, ni kitu gani kilichuja mkabaki na hili na si lile?

#6 MtuWaMara

Mkuu, umemsifia bibi kupita kiasi. Mimi ni wa Tarime. Mwaka 1985, ukame, konzo ilitupiga sisi, na muhogo tumelima tangu enzi za babu. Mila ilikuwa wapi?

#7 NesiWaZamu

Naomba nimjibu MtuWaMara kwa upande wangu.

Mwili una njia ya kuondoa sianidi, inahitaji salfa inayotoka kwenye protini: samaki, maharage, nyama, maziwa. Mwaka wa kawaida ugali wa muhogo una dagaa pembeni. Ukame ukija, kwanza mboga inakosekana. Pili, muhogo wenyewe uchungu unaongezeka ukikosa mvua. Tatu, njaa haina subira, siku nne za kurundika zinakuwa moja. Vitatu hivyo vikigongana mnapata konzo. Nampula, Msumbiji, mwaka 1981 ilikuwa hivyo hivyo, ukame, wagonjwa zaidi ya elfu moja. Na Mtwara, kwa wakwe zake mleta uzi, ilitokea mwanzoni mwa miaka ya 2000. Makopa ya kuanika tu yanabakiza sumu nyingi kuliko udaga, sababu seli hazivunjiki vizuri.

#8 MkweWaNewala

Dada Nesi asante, umenisahihisha kabla sijajikwaa. Na MtuWaMara ana hoja: mila ilichujwa na miaka ya kawaida, haikuchujwa na mwaka 1985. Inatosha kwa siku nyingi, haitoshi kwa siku mbaya. Mageuko hayatengenezi kitu kamili, yanabakiza kilichotosha kupita.

Sasa mjomba.

Wamakonde, Wamwera, Wayao, Wamakua, wote wa kukeni. Mtoto ni wa ukoo wa mama, na mwanaume mwenye sauti ni kaka wa mama. Wasukuma, Wakurya, Wachaga, kuumeni. Kwa nini? Wazee wa anthropolojia walishasema muda mrefu kwamba ng'ombe ni adui wa ukoo wa kukeni. Penye ng'ombe wengi, mjomba anapungua nguvu.

Lakini hapo pana shida, na cha kuchekesha aliyeionyesha ni yule yule Galton wa Mwalimu. Mwishoni mwa miaka ya 1880 alisimama London akamuuliza Tylor, mwanaanthropolojia aliyekuwa amejumlisha mamia ya jamii kutafuta uhusiano wa mila na mila: umejuaje kama hizi ni kesi tofauti? Mmakonde na Mmwera ni majirani na lugha zao ni ndugu. Ukisema "jamii mbili hazina ng'ombe na zote ni za kukeni," inawezekana umehesabu familia moja mara mbili. Ni sawa na kupima urefu wa mapacha ukasema umepima watu wawili wasiojuana.

Mwaka 2003 watafiti Clare Holden na Ruth Mace walikwenda kinyumenyume. Walichukua jamii 68 za Kibantu na jirani zake wa karibu kilugha, wakatumia mti wa lugha kama mti wa ukoo: nani alitengana na nani, lini kabla ya nani. Wakiwa na mti huo wakaweza kuuliza swali ambalo kuhesabu tu hakuwezi: je, ng'ombe walikuja kwanza kisha mjomba akaanguka, au mjomba alianguka kwanza? Matokeo yakaunga mkono kwamba ng'ombe walitangulia. Jamii ya kukeni ikipata ng'ombe, inaelekea kugeukia kuumeni au mchanganyiko.

Sababu wanayoipendekeza ni ya hesabu za wajukuu. Ng'ombe unamwachia mtoto wa kiume, analipa mahari, anaoa, anaongeza wa pili, wajukuu wanamiminika. Shamba la jembe la mkono halimpi kijana wa kiume faida hiyo, linamfaa binti anayelisha watoto. Na kwa binti kuna nyongeza: mtoto wa binti yako ni damu yako bila shaka. Wa mkaza mwana... kitanda hakizai haramu, tumalizie hapo.

Walilinganisha Wachewa wa Malawi, wa kukeni, na Wagabbra wa kaskazini mwa Kenya, wafugaji wa kuumeni. Takwimu za mali na watoto zilielekea huko huko.

Nikakumbuka kicheko cha mjomba. "Nitamfunga wapi, kwenye mkorosho?" Mzee alikuwa ametoa nadharia nzima.

#9 Ng'wana_Mhoja

Bhabha, unasema sisi Wasukuma ni wa kuumeni kirahisi hivyo? Wazee hawakukufundisha. Ukikwa ng'ombe, yaani ukitoa mahari, watoto ni wako. Usipokwa, watoto ni wa kwa babu yao mzaa mama, hata ukae na mwanamke miaka ishirini. Na watemi wetu wa zamani, kwenye tawala nyingi, walirithiwa na watoto wa dada zao, mpaka wakati wa ukoloni mambo yakageuka. Kwa hiyo hata kwetu ng'ombe ndiye aliyevuta watoto kutoka kukeni.

#10 MkweWaNewala

Nyanda mkubwa, nimekaa chini, nimevua kofia. Hii ya kukwa nimeiishi tangu utotoni, sikuwahi kuiunganisha. Ng'ombe ndiye anayehamisha mtoto toka upande mmoja kwenda mwingine, wazi wazi, mbele ya wazee, na idadi inatajwa.

#11 Mdadisi_Windhoek

Waherero mmewaweka wapi? Nipo huku Namibia kikazi. Ng'ombe ni maisha yao, na bado wana ukoo wa mama na ukoo wa baba kwa pamoja, kila mmoja na urithi wake.

#12 MkweWaNewala

Swali zuri kuliko yote. Waherero ndio "mchanganyiko" niliotaja. Wanaonyesha kwamba ng'ombe ni msukumo, si amri. Mtu akikwambia mageuko yanatabiri kila jamii kama mwezi kuandama, huyo anauza dawa ya mitishamba.

Kuna jaribio jingine linaendelea mbele ya macho yetu. Tangu wafugaji walipoondolewa bonde la Ihefu, Mbeya, mwaka 2006, Wasukuma wenzangu wengi wameshuka na mifugo mpaka Lindi, katikati ya watu wa kukeni. Mbung'o wamepungua, visima vipo. Kijana wa Kimwera akianza kumiliki ng'ombe wake mwenyewe, atamwachia nani, mtoto wake au mtoto wa dada yake? Turudi hapa baada ya miaka 50. Mimi sitakuwepo, Kisu_Butu atakuwepo na karanga zake.

#13 BintiNyamongo

Nimesoma kimya muda mrefu. Mnaongea vizuri, sasa niambieni kuhusu kisu. Mimi nilikimbia nyumbani nikiwa na miaka 13 kabla ya msimu wa kukeketwa. Hiyo nayo "ilichujwa"? Bibi zetu nao walisema ndivyo tunavyofanya.

#14 MkweWaNewala

Dada, pole, na hongera kwa miguu iliyokimbia. Nijibu bila kupamba.

Kudumu kwa mila si ushahidi kwamba inamfaa anayefanyiwa. Chujio la muhogo ni afya, asiyefuata anapooza. Chujio la kisu ni ndoa. Baba mmoja akiacha peke yake, binti yake anakosa mchumba, basi kila baba anaendelea hata kama moyoni hataki. Gerry Mackie aliandika mwaka 1996 kwamba hili linafanana na Wachina walivyofunga miguu ya mabinti kwa karne nyingi. Lile halikuisha kwa mahubiri peke yake. Familia ziliungana zikaapa mbili kwa pamoja: hatutamfunga binti yetu, na kijana wetu hataoa aliyefungwa. Soko la ndoa likahama, mila ikaanguka ndani ya kizazi kimoja. Sheria yetu ya mwaka 1998 inamkamata mzazi wa binti chini ya miaka 18, sawa, lakini haimtafutii mchumba.

Kwa hiyo ukisikia "ndivyo tunavyofanya", usiitupe wala usiipigie magoti. Uliza asiyefanya anapatwa na nini, na nani anampatisha.

#15 BintiNyamongo

Nimekuelewa. Kijana aliyenioa, mama yake alisusia harusi kwa sababu hiyo. Alikuja mjukuu alipozaliwa.

#16 UstaadhWaBandarini

Salaam kutoka Mombasa. Sina ugomvi na nyinyi maadamu mwasema mila, si uumbaji. Ila msiwape wazungu sifa zote. Ibn Khaldun, mwanachuoni wa Tunis, mwaka 1377 ashasema habari za asabia: watu wa jangwani hushikana, huteka mji, wakishastarehe vizazi vitatu vinne mshikamano watoka, waja wengine wawateka. Peter Turchin siku hizi aigeuza kuwa hesabu za kompyuta, na jina alichukua lile lile, asabia.

#17 Mwl_Chaki

Ustaadh, hiyo nitaiingiza darasani kesho, kabla ya ujima.

Mleta uzi, mkoba nimeulegeza kidogo. Sijauachia.

#18 NesiWaZamu

Kabla uzi haujazama, jambo la kufanya. Unga wa makopa ukiwa bado mchungu kuna njia ya maji ambayo watafiti wa Australia, Bradbury na wenzake, waliisambaza Msumbiji, Kongo na hata kwetu. Weka unga mkavu kwenye bakuli, weka alama ulipofikia. Mimina maji ukikoroga. Unga utashuka, halafu utapanda tena. Ukirudi kwenye alama, acha maji. Tandaza kwenye mkeka, tabaka jembamba lisilozidi sentimita moja, saa mbili juani au saa tano kivulini. Sianidi inaondoka. Pika ugali siku hiyo hiyo, usilaze. Haihitaji kubadili kilimo wala maji mengi.

#19 MkweWaNewala

Dada Nesi, nimempigia mama mkwe sasa hivi, nikamsomea maelezo yako yote, alama, mkeka, saa mbili. Alinisikiliza kwa adabu kama mzee alivyonisikiliza siku ya posa. Nilipomaliza akauliza kitu kimoja tu:

"Na mke wa mwenyekiti anafanya hivyo?"